Niliipokea Serikali Kama Wakwe

Waithaka,
Ijumaa alasiri

Ciru, mama,

Umetoka asubuhi kwenda Kenyatta Market kusukwa nywele, na ninavyowajua wasusi wa kule, jua litatua kabla hujarudi. Najua umekaa kwenye kibao, mmoja amekushika kichwa upande huu na mwingine upande ule, na moshi wa nyama choma unaingia kwenye rasta mpya. Kesho kutwa Wazungu watanusa mbavu za mbuzi kabla hawajasikia jina lako.

Nimekaa kwenye meza ya jikoni. Begi lako liko mlangoni. Nimelinyanyua kuona uzito, nikaliweka chini, halafu nikalinyanyua tena bila sababu. Redio nimeizima kwa kuwa ilikuwa inacheka peke yake.

Sitakuandikia habari za sweta, wala pasipoti, wala watu wa kuogopa kwenye uwanja wa ndege. Shangazi yako amekwisha kuyasema yote na atayarudia kesho mpaka ndege iruke. Mimi nataka kujibu swali lako. Jumapili baada ya kanisa, tukimenya viazi hapa hapa, uliniuliza, "Baba, wewe unataka niende ama nisiende?" Nami nikasema, "Wewe ndiye unajua." Kisu chako kikapunguza mwendo, na mimi nikajifanya natafuta chumvi.

Ungeniachia hapo ningeweza kusahau. Lakini Jumanne nikakuuliza hao watu wa Uingereza watakulipa vipi kwa hiyo kazi ya kuwatunza wazee wao. Ukasema, "Hatukuongea sana hiyo mambo, Baba. Nimewaambia wao ndio wanajua what is fair." Nilicheka ukaona nimefurahi. Sikufurahi. Niliogopa, maana nilisikia sauti yangu ikitoka mdomoni mwako.

Kwa hiyo leo nakuambia jinsi nusu ya shamba letu ilivyokwenda. Ulikuwa shule ya bweni, kidato cha kwanza. Ulifunga shule ukakuta mparachichi haupo, zizi halipo, migomba haipo. Ukauliza, nikakuambia, "Serikali imechukua." Hiyo ilikuwa nusu ya ukweli, na nusu ya ukweli ni mbaya kuliko uongo kwa kuwa huwezi kuikana.

Unajua mambo ya mahari yanavyokwenda kwetu. Na unajua mimi ndiye niliyekuwa nikiitwa. Kuanzia Waithaka mpaka Uthiru na kule chini Kangemi, mtu akiwa na binti wa kuolewa alikuja kunitafuta niwe msemaji wake. Sijisifu, mambo mengine siwezi. Lakini kikao cha mahari nilikijua kama mpishi anavyojua sufuria yake. Mwenye binti hataji bei, kamwe. Akiulizwa anasema, "Sisi hatuuzi mtoto." Wageni wanatoka nje, wanasimama kando ya ua wakinong'ona, wanarudi na neno dogo. Neno linakataliwa kwa heshima. Chai inaletwa. Wanatoka tena. Mama wa binti hasemi mbele ya wageni. Yeye husema jikoni, na mara nyingi yaliyosemwa jikoni ndiyo hushinda. Na jambo kubwa kuliko yote ni hili: usioneshe haraka. Mwenye haraka ana njaa, na mwenye njaa hupewa makombo.

Sasa, ilipokuja habari kwamba barabara kubwa mpya itapita kwetu, chifu alitukusanya akatueleza. Serikali ikitaka ardhi yako kwa kazi ya watu wote itaichukua, upende usipende. Lakini sheria inasema ikulipe bei ya sokoni ya ardhi, na nyumba, na miti, na kila kitu kilichosimama juu yake, kisha iongeze kidogo kwa ajili ya usumbufu. Akasema watu wa kuthamini watakuja kuona kila shamba. Watu wengine walisikia maneno hayo yote. Mimi nilisikia "watakuja kuona," na kichwani mwangu nikaona wageni wanaokuja kuona boma kwa mara ya kwanza.

Basi nikafanya usafi.

Usicheke bado. Nilikata nepia yote, yale majani ya kulisha ng'ombe, ikabaki nchi tupu. Zizi lilikuwa limeinama na linanuka, nikalibomoa, ng'ombe nikampeleka kwa jirani. Migomba ya zamani ilikuwa imekauka majani, ikanitia aibu, nikaing'oa. Banda la kuku lilikuwa la mabati yenye kutu. Je, wageni wa serikali waone kutu? Likaenda. Kisha nikautazama ule mparachichi. Ulikuwa umepinda, umelala juu ya njia, kila anayeingia lazima ainame. Nikasema mkubwa wa serikali hawezi kuinamishwa na mti langoni kwangu. Nikaita kijana mwenye msumeno.

Mama yako alikuwa sokoni Kangemi siku hiyo. Alikuwa amekwenda kuuza maparachichi ya mti huo huo. Alirudi na gunia tupu begani, akasimama pale njiani. Njia ilikuwa imejaa mwanga, akainua mkono kukinga macho. Akaniuliza, "Umefanya nini?" Nikasema, "Nimetengeneza boma." Akaketi juu ya kisiki na viatu vyake vya matope, na hakuingia ndani mpaka chakula kikapoa. Nilidhani amechoka.

Yule mthamini alikuja Alhamisi. Msichana mdogo tu, pengine umri ulio nao wewe sasa, na gambuti zilizomzidi miguu. Mama yako alimkaangia maandazi. Binti wa watu alipima, akazunguka, akatazama huku na huku, kisha akaniuliza kwa upole, "Mzee, hapa hakuna miti?"

"Ilikuwako," nikasema kwa fahari. "Nimeitoa muone vizuri."

Alinitazama. Bado namwona. Kisha akainamia karatasi yake, akasema, "Pole mzee. Mimi naandika ile kitu naona." Nikamjibu kwamba ndivyo inavyotakiwa, na nikamwongezea chai. Ardhi tupu, mama. Aliandika ardhi tupu, na mimi nikamsindikiza mpaka langoni nikimshukuru.

Jirani yetu Baba Kimani hakufagia hata jani. Unamkumbuka, yule mwenye sauti ya spika za kanisani. Kwake kulikuwa na zizi limeinama kuliko langu, mirundo ya mawe, choo cha zamani, na siku zile za mwisho alichomeka miche ya matunda damu kila mahali palipokuwa na udongo, imebanana kama watoto wa nasari. Nilimcheka. Nikamwambia mama yako, "Mtu huyu hana haya." Mama yako akasema, "Haya hailipwi." Hakucheka.

Kisha kikaja kikao. Kilikuwa kwenye ukumbi kando ya ofisi ya chifu, mabenchi yamejaa, afisa na wenzake wakiwa mezani mbele. Kila mwenye shamba anaitwa, anasimama, anasema anadai nini. Hiyo ndiyo siku ambayo sheria inakupa mdomo. Nilivaa suti yangu ya vikao. Mama yako alikaa kando yangu, na tangu nyumbani alikuwa akiniambia, "Utaje mparachichi. Kisiki bado kiko, waje wakione. Utaje zizi. Usiache kutaja nepia, ng'ombe alikuwa anakula hapo." Nilimwambia atulie, mambo haya nayajua.

Baba Kimani aliitwa kabla yangu. Akataja bei, ukumbi mzima ukacheka. Hata afisa alicheka. Yeye hakucheka. Alisema, "Chekeni tu, lakini andika hiyo." Wakaandika.

Nikaitwa. Afisa akaniuliza, "Mzee, wewe unadai fidia gani?"

Nikasimama wima, nikafunga kifungo cha koti. Nikasema, "Sisi hatuuzi ardhi. Serikali ni yetu, na ninyi ni watoto wetu. Angalieni wenyewe, mtaona ni nini kinafaa."

Nilijua nimesema vizuri. Wazee wawili nyuma yangu waliguna kwa kukubali. Mama yako akanivuta koti, akaanza kuinuka, akasema, "Afisa, kulikuwa na mti..." Nikamgeukia nikamwambia kwa sauti ya chini, mbele ya watu, "Nyamaza, mama Ciru. Usituaibishe." Akakaa.

Kisha nikangoja watoke nje wakashauriane.

Ciru, nilingoja kweli. Nilisimama pale nikiwatazama nikidhani sasa watanyanyuka, wataenda kando ya ua, watarudi na neno dogo, nami nitalikataa kwa heshima. Afisa aliandika kitu kifupi, akageuza karatasi, akasema, "Anayefuata."

Nikadhani ndiyo mwanzo. Ndiyo, hata hapo! Barua ya malipo ilipokuja, kiasi chenyewe kilikuwa kidogo mpaka nikatabasamu. Nikamwambia mama yako hilo ni neno lao la kwanza. Sikulijibu. Unajua kwa nini. Mwenye haraka ana njaa. Nikaiweka ndani ya Biblia, tukangoja waje mara ya pili. Chini ya barua hiyo kulikuwa na maneno kwamba asiyeridhika apeleke malalamiko kabla ya siku fulani. Niliyasoma. Nilidhani ni ya watu wasio na adabu.

Mvua ikanyesha, ikakatika, hakuna aliyekuja. Tukashuka mjini mimi na mama yako, tukapanda ngazi za jengo lile la ofisi kwa kuwa lifti ilikuwa imeharibika, tukatumwa chumba hiki tukarudishwa kile. Mwishowe kijana mmoja mwenye tai akafungua faili akatazama, akaniuliza, "Mbona hamkusema? Mzee, ulinyamaza, tukajua umekubali. Sasa muda umepita. Hii imefungwa."

Hakuniambia kwa ubaya. Ningependa kukuambia alikuwa mwizi, nami ningekuwa na mtu wa kumchukia jioni kama hii. Alitufungulia mlango tukitoka.

Hatukwenda nyumbani moja kwa moja. Niliona aibu ya kumrudisha mama yako mikono mitupu, nikampeleka Kenyatta Market tule nyama. Nikaagiza mbavu, ugali na kachumbari, kama watu walioshinda kesi. Alikula kidogo. Nikasema, nikijifariji, kwamba pesa huja na kwenda. Akaosha mikono polepole, akaniambia, "Si pesa. Uliniambia ninyamaze, nikanyamaza. Nilidhani wewe ndiye utasema."

Hakulirudia tena neno hilo mpaka alipofariki, na sikumjibu. Wewe mwenyewe ulimuuguza, kwa hiyo siku zake za mwisho unazijua kuliko mimi. Lakini hili hukulijua. Nilikuwa na miaka mitatu ya kumwambia pole, ya kumwambia ulikuwa sahihi, mama Ciru, na kila nilipotaka kuanza nilingoja yeye aanze. Nilikuwa bado niko kikaoni.

Nimejiuliza sana bei ya haki ilikuwa ipi. Baba Kimani hakupewa alichodai. Alipewa nusu yake, na hiyo nusu ilinizidi mimi mbali. Lakini hata yeye, siku anapakia mabati yake kwenye lori kwenda Kinangop, alishika nguzo ya lango akashindwa kuiachia. Akaniambia, "Wee, hii pesa ni mob, ni nyingi kweli, lakini sijui nitaongea na nani huko." Yeye na sauti yake. Na mimi, pamoja na upumbavu wangu wote, kile kidogo nilichopewa kilikulipia chuo cha uuguzi. Nikikutazama na ile kofia yako nyeupe siwezi kusema nilidhulumiwa. Siwezi pia kusema nililipwa. Nafikiri ningepewa pungufu ya pale lakini nikawa nimesema, mama yako akawa amesema, ningelala vizuri zaidi. Sijui kama sheria inalipia usingizi.

Na barabara yenyewe mpaka leo haijaja! Tingatinga lilipita, likalaza ua na nyumba za watu, likaondoka. Wewe huwa unashinda hospitalini, huoni pale panavyokuwa mchana. Ni uwanja mrefu wa udongo mwekundu, mbuzi wa watu wasiojulikana, na upepo. Zamani nikikohoa usiku, Baba Kimani alipiga kelele kutoka kwake, "Kunywa maji, mzee!" Sasa nakohoa tu. Kisiki cha mparachichi kimechipua upande wa pili wa jiwe la mpaka, na mwaka huu kimezaa. Ni mali ya serikali. Nikichuma naiba, na nimeiba mara nyingi, na wewe umekula na mkate ukisifu.

Usiwaambie wazee wa Kizungu kwamba baba yako ni mwizi wa maparachichi. Au waambie, watakuwa na la kuongea. Nasikia wengi wao hukaa kwenye nyumba hizo bila mtu wa kuwaita jina. Wewe unajua kukaa na mzee asiyesema. Umefanya mazoezi nyumbani.

Lakini kabla hujatia sahihi karatasi yao, mama, wapigie tena. Usiseme wao ndio wanajua. Hawakujui. Wataona ardhi tupu na wataandika ile kitu wanaona. Waambie miaka uliyosoma, usiku uliokesha wodini, na bei unayotaka, hata sauti ikitetemeka. Wakicheka, waache wacheke kisha useme, "Andika hiyo." Heshima niliyokulea nayo ni nzuri kwa wakwe, na nikifa kabla hujaolewa naomba mtu aisimamie vizuri. Mahali pengine pote inakuacha umesimama na koti limefungwa vifungo, ukiwangoja watu ambao hawatoki nje.

Na swali lako. Ulinidai jibu nikaangalia chumvi.

Nataka uende. Nataka pia usiende, na hilo ni kweli kama la kwanza, nimechoka kulificha chini ya adabu. Ungekuwa ni mkataba ningeanza juu kabisa kama Baba Kimani: ningedai ubaki hapa, uolewe mtaa wa pili, uje kila jioni uniambie chai yangu ina sukari nyingi. Ungecheka, na ungekuwa na haki ya kucheka. Kisha tungeshuka pamoja mpaka mahali ambapo wote tunaweza kusimama.

Mimi naona mahali penyewe ni hapa. Nadai simu siku ya Jumapili baada ya kanisa, isiyokuwa ya haraka, uniambie ulichokula na nani alikuudhi. Nadai ukiumwa nijue mimi kabla ya shangazi. Nadai urudi, hata kama ni kwa kutembea tu, uje na mtu au uje peke yako, na ukute mimi niko kwenye meza hii. Na juu yake nadai kidogo cha usumbufu, kwa kuwa nitasumbuka. Nyumba hii itakuwa kubwa sana kesho jioni. Nitakukosa, Ciru. Nitakukosa vibaya, na sijui nitaifanyia nini sahani ya pili.

Ndilo dai langu lote. Ukiliona kubwa, sema. Nitakusikiliza, na hakuna atakayeambiwa anyamaze humu ndani.

Nilikuwa nimepanga kuiingiza barua hii kati ya nguo zako uikute ng'ambo. Nimebadili nia. Lango limelia, na nakusikia ukimlaumu mtu kwenye simu kwamba rasta zimekazwa mno kichwa kinauma. Nitakupa mkononi, ukae hapo kwenye kiti cha mama yako uisome hadi mwisho. Mimi nitakuwa nimekaa hapa mbele yako, na sitatoka nje.

Baba yako